Kuketi Same: Mgomo wa Mbiru na Sura ya Ukinzani katika Fasihi ya Kiswahili

Ikisiri

Makala hii inaeleza namna mgomo wa kodi ya mbiru, uliotokea Upare katikati ya miaka ya 1940, unavyoweza kutusaidia kusoma upya vitabu vya Kiswahili vinavyosawiri ukatili wa dola na raia wanaoukataa. Vitabu vinavyorejelewa ni Kusadikika (1951), Kinjeketile (1969), Sauti ya Dhiki (1973), Kuli (1979), Gamba la Nyoka (1979) na Haini (2003). Hoja kuu ni kwamba katika kazi hizi uonevu huanza pale dola inapokataa kujieleza mbele ya wale inaowatawala. Pigo, pingu na risasi hufuata baadaye. Kwa hiyo ukinzani, kabla haujawa silaha, huwa ni dai la kupewa maelezo. Mgomo wa mbiru unaidhihirisha hoja hiyo kwa uwazi wa pekee. Aidha, unawaleta mbele watu ambao fasihi yetu imezoea kuwaweka pembeni: wanawake, wapeleka chakula, na wale waliorudi nyumbani wakiwa hai.

1. Utangulizi

Mji wa Same umekaa kwenye tambarare kame, chini ya Milima ya Upare. Juu milimani kuna migomba, kahawa, misitu ya Shengena na maji yanayokusanywa katika ndiva, yaani mabwawa ya jadi ya umwagiliaji. Chini kuna joto, vumbi, reli iliyojengwa na Wajerumani kutoka Tanga hadi Moshi, na mashamba ya mkonge. Serikali ya Kiingereza iliweka boma lake hapo chini. Kwa mkulima wa Mamba, Chome, Mbaga, Gonja, Usangi au Ugweno, kwenda bomani kulikuwa ni kuacha maji na chakula na kuingia mahali ambapo hana shamba wala ndugu wa kumlaza.

Jiografia hiyo ina maana kwa mjadala wetu. Kuanzia Januari 1945, maelfu ya Wapare walishuka kutoka milimani wakaenda kuketi Same. Hawakuchoma boma wala hawakumshambulia ofisa wa wilaya. Waliketi, na wakasema hawataondoka mpaka kodi ya mbiru iondolewe.

Msomaji wa fasihi ya Kiswahili anapokutana na tukio hili kwa mara ya kwanza huwa na mshangao wa aina mbili. Kwanza, anashangaa kwamba harakati kubwa kiasi hicho imekaa mbali na riwaya na tamthiliya anazozifahamu. Pili, anashangaa kwamba haifanani na sura ya ukinzani aliyoizoea vitabuni. Haina shujaa mmoja, haina vita, na haimaliziki kwa kifo wala kwa bendera kupandishwa. Makala hii inajaribu kueleza kwa nini hali hiyo ya pili inastahili kuzingatiwa na wanafunzi wa fasihi, na si wa historia peke yao.

2. Mbiru: kodi iliyovikwa jina la jadi

Kabla ya mbiru, mwanamume mtu mzima wa Upare alitozwa kodi ya kiwango kimoja, sawa na jirani yake. Kodi hiyo haikupendwa, lakini ilieleweka: kila mtu alijua kiasi chake, na aliyelipa alijua kwamba amemaliza. Katika miaka ya mwanzo ya Vita Kuu ya Pili, serikali ya wilaya pamoja na baraza la watawala wa Upare walikubaliana kuongeza juu yake kodi ya ngazi, ambayo kiasi chake kingetegemea mali ya kila mtu. Utaratibu huo ulianza kutekelezwa mwaka 1943, wakati ambapo vita vilikuwa vimekwisha kuwabana wananchi. Vijana walikuwa jeshini, na serikali ilikuwa ikiwachukua watu kwa lazima kufanya kazi katika mashamba ya mkonge.

Kwa watunga sera, kodi ya ngazi ilikuwa hatua ya haki: mwenye nacho alipe zaidi. Ili ikubalike, ilipewa jina la mbiru, ambalo ni jina la ushuru wa jadi aliopewa mtawala wa Kipare. Hapo ndipo mgogoro ulipoanzia. Ushuru wa jadi ulikuwa sehemu ya uhusiano. Aliyetoa alimjua aliyepokea, na mfumwa aliyepokea alikuwa na wajibu kwa waliompa. Mbiru mpya ilichukua jina la uhusiano huo na kuuacha uhusiano wenyewe nyuma. Fedha zilikwenda katika hazina ya utawala wa wenyeji chini ya macho ya ofisa wa wilaya, na mlipaji hakuwa na namna ya kuzifuatilia.

Tatizo la pili lilikuwa ukadiriaji. Ili mtu atozwe kwa kadiri ya mali yake, lazima mtu mwingine aihesabu mali hiyo: ng'ombe, mbuzi, mibuni, mashamba. Hesabu hiyo iliandikwa na wakadiriaji, na mwananchi alipewa jumla. Kwa nini huyu ametozwa zaidi ya yule mwenye mifugo sawa na yake? Ng'ombe aliyewekwa kwa jirani kwa desturi ya kutunziana amehesabiwa kwa nani? Mkulima aliyeuliza maswali ya namna hiyo alijikuta akibishana na karatasi, na karatasi haina masikio.

Mwanahistoria Isaria Kimambo wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ambaye kijitabu chake Mbiru: Popular Protest in Colonial Tanzania kilitolewa mwaka 1971, ndiye aliyeliingiza tukio hili katika elimu ya chuo kikuu. Alilirudia kwa upana zaidi mwaka 1991 katika Penetration and Protest in Tanzania, akiliunganisha na mabadiliko ya uchumi wa Upare kuanzia 1860 hadi 1960. Katika kazi hizo Wapare hawaonekani kama watu waliokataa kodi kwa sababu ya ujinga au uvivu. Walikuwa tayari kuendelea kulipa kodi waliyoizoea. Walichokikataa ni mbiru, na walikikataa kwa hoja.

3. Kuketi kama hoja

Malalamiko yalianza kwa njia iliyokuwa halali machoni pa serikali yenyewe. Watu walikwenda kwa watawala wao, wakapeleka wawakilishi, wakaomba kusikilizwa. Waliporudishwa bila jibu la kuridhisha, ndipo waliposhuka Same kwa wingi.

Ofisa wa wilaya aliitwa na Waswahili wa enzi hizo Bwana Shauri. Jina hilo lina kejeli yake katika muktadha huu. Watu wenye shauri walikwenda kwa mwenye jina la shauri, naye akawaambia warudi makwao, walipe kwanza, kisha walalamike kupitia kwa watawala wao, yaani kupitia kwa watu walewale waliolalamikiwa. Mkusanyiko wa Same ulikuwa jibu kwa mantiki hiyo ya kuzungushwa. Kama shauri halisikilizwi likiletwa na mjumbe, basi watalileta watu wote, nao watakaa mbele ya mlango mpaka lisikilizwe.

Harakati ilidumu kwa miezi, na baadhi ya makovu yake yalionekana hadi mwaka uliofuata. Kwa mkusanyiko wa maelfu ya watu mahali pakame, jambo hilo lilihitaji mpango. Chakula kililetwa kutoka milimani. Kazi za nyumbani na za shambani ziliangukia mabegani mwa waliobaki, ambao wengi wao walikuwa wanawake. Miongoni mwa viongozi waliojulikana alikuwamo Paulo Mashambo, lakini nguvu ya harakati haikukaa kwa mtu mmoja. Serikali ilipowaondoa baadhi ya viongozi na kuwapeleka nje ya wilaya, ikitumaini kwamba mwili bila kichwa utaanguka, mgomo haukuanguka.

Wanawake hawakuishia kupeleka chakula. Wao pia, wakiwamo wa Usangi, waliandamana na kuwakabili maofisa. Kumbukumbu iliyohifadhiwa na watafiti, akiwamo Jean O'Barr aliyechunguza siasa za wanawake wa Upare, inasema kwamba walimpa ofisa wa wilaya uchaguzi: ama alimalize shauri na waume wao warudi nyumbani, ama achukue yeye mwenyewe wajibu wa waume hao kwao, ukiwamo ule wa kuzaa nao. Kauli hii huchekesha, na bila shaka ilikusudiwa kuaibisha. Hata hivyo, ina hoja ya kisiasa iliyokamilika. Dola imezoea kuhesabu wanaume kama vichwa vya kodi. Wanawake waliikumbusha kwamba kila kichwa hicho kina nyumba nyuma yake, na kwamba anayekiondoa kichwa nyumbani anapaswa kubeba gharama ya nyumba nzima.

Kufikia mwaka 1947 mbiru ilikuwa imeachwa na kodi ya kiwango kimoja imerudi. Ushindi huo haukuwa kamili: kodi ilibaki, ukoloni ulibaki, na watawala walibaki katika viti vyao. Lakini mwaka 1946 kilikuwa kimekwisha kuanzishwa chama cha Wapare, Pare Union, na katika miaka iliyofuata suala la wananchi kuwa na sauti katika mabaraza ya Upare halikuweza tena kupuuzwa.

4. Dola isiyojieleza: usomaji wa vitabu sita

Tukiwa na tukio hili mkononi, tunaweza kuvirudia vitabu vya Kiswahili na kuuliza swali moja: katika kila kimoja, raia anadai nini kabla hajapigwa?

Kusadikika ya Shaaban Robert ndiyo iliyo karibu zaidi na mbiru kwa wakati na kwa mantiki. Karama anashtakiwa na waziri Majivuno kwa kosa la kutaka kuanzisha mafunzo ya uanasheria, yaani kwa kutaka watu wajue kuuliza kwa utaratibu. Anajitetea kwa kusimulia habari za wajumbe sita waliotumwa pande mbalimbali na nchi yao, wakarudi na mapendekezo ya manufaa, na wakafungwa kwa ajili ya mapendekezo hayo. Hakuna mapanga wala bunduki katika utetezi huo. Kuna mtu anayezungumza na wakubwa wanaolazimika kumsikiliza. Shaaban Robert alikuwa mtumishi wa serikali ya kikoloni, na kuanzia mwaka 1946 alifanya kazi Tanga, makao makuu ya jimbo ambalo Wilaya ya Pare ilikuwa sehemu yake. Hatuhitaji kudai kwamba aliandika akiifikiria Same. Inatosha kuona kwamba katika jimbo lile lile na kizazi kile kile, mwandishi na wakulima walilitambua tatizo lile lile: utawala unaomchukulia aletaye hoja kama mhalifu.

Kinjeketile ya Ebrahim Hussein inaturudisha kwenye Vita vya Maji Maji vya 1905 hadi 1907. Hii ndiyo tamthiliya iliyojenga, zaidi ya nyingine, picha ya ukinzani katika akili za wasomaji wa Tanzania. Inaanza na wanawake wakizungumza juu ya uhaba wa chakula wakati wanaume wametumikishwa katika mashamba ya pamba. Kisha inapanda hadi kwa nabii, maji na vita. Uzito wake umo katika kitendawili cha neno: Kinjeketile anatoa neno la kuwaunganisha watu, neno linamshinda nguvu, na mwishoni anakataa kulikana mbele ya Wajerumani kwa sababu anajua wataitumia kauli yake dhidi ya vizazi vijavyo. Dola hapa inataka tamko, na raia anashinda kwa kuinyima tamko hilo.

Sauti ya Dhiki ya Abdilatif Abdalla inaihamisha hoja hiyo Kenya huru. Mshairi alifungwa kuanzia 1969 hadi 1972 kwa sababu ya waraka ulioitwa Kenya: Twendapi?. Jina la waraka huo ni swali. Serikali iliyoulizwa swali ilijibu kwa gereza, na mfungwa akaendelea kuandika kwa siri kwenye karatasi za chooni. Ikiwa Upare karatasi ilikuwa chombo cha mkadiriaji, gerezani karatasi duni kabisa iligeuzwa kuwa chombo cha aliyekadiriwa.

Kuli ya Shafi Adam Shafi inajengwa juu ya mgomo wa wafanyakazi wa bandari ya Zanzibar wa mwaka 1948, miaka mitatu tu baada ya watu kuketi Same. Rashidi anakua kutoka kijana asiyejua kusoma hadi mtu anayeelewa kwamba ujira wake umepangwa na watu wasiotaka kumweleza walivyoupanga. Kati ya vitabu hivi sita, hiki ndicho kinachoonyesha vizuri zaidi jinsi harakati inavyopangwa, kuanzia mkutano, mnong'ono na hofu ya wapelelezi hadi uamuzi wa pamoja wa kutokwenda kazini. Kukataa kwenda kazini na kukataa kuondoka bomani ni vitendo viwili vya familia moja. Vyote vinaonyesha kwamba mtambo wa dola huzungushwa na mikono ya wale wale unaowakandamiza.

Gamba la Nyoka ya Euphrase Kezilahabi inauliza swali chungu zaidi: itakuwaje ikiwa dola inayokandamiza ni ya watu wenyewe na inasema maneno mazuri? Wanakijiji wanalazimishwa kuhamia vijiji vya ujamaa, na wanapokataa wanakutana na nguvu. Hapa pia, kama ilivyokuwa kwa mbiru, dola imechukua neno lenye heshima katika maisha ya watu na kulitumia kama jina la amri. Ujamaa ulitokana na jamaa, mbiru ilitokana na ushuru kwa mfumwa. Katika hali zote mbili jina lilitakiwa lifanye kazi ambayo maelezo hayakufanya. Aliyekataa alionekana kuwa anapinga desturi yake mwenyewe.

Haini, ya Shafi Adam Shafi vilevile, inaonekana mwanzoni kuipinga hoja yetu. Riwaya hii inahusu Zanzibar baada ya kuuawa kwa Rais Abeid Amani Karume tarehe 7 Aprili 1972, na inajaa mateso ya mahabusu. Je, kiini chake si kipigo? Tukiisoma kwa makini tutaona kipigo kinatafuta nini. Watesaji wanamtaka Hamza na wenzake wakiri, waseme, watie sahihi. Dola imekwisha kuandika hadithi yake na inahitaji jina la raia chini ya ukurasa. Mateso ndiyo namna ya mwisho ya kukataa kujieleza: badala ya dola kutoa maelezo kwa raia, raia analazimishwa kutoa maelezo yaliyotungwa na dola.

5. Kinachokosekana

Vitabu hivi sita vinaonyesha mengi, lakini mgomo wa mbiru unaonyesha mapengo yake matatu.

Pengo la kwanza ni la mhusika mkuu. Riwaya na tamthiliya hupenda mtu mmoja wa kubeba dhamira: Karama, Kinjeketile, Rashidi, Hamza. Ni haja ya usanii, na hatuwezi kuilaumu. Lakini matokeo yake ni kwamba msomaji hujifunza kumsubiri shujaa. Same ilijaa watu ambao majina yao hayakuandikwa, na harakati iliendelea hata viongozi walipoondolewa.

Pengo la pili ni la wanawake. Katika Kinjeketile wanaanza mchezo kwa kuzungumza juu ya njaa, kisha historia inapita mikononi mwa wanaume. Upare, njaa na nyumba ndizo zilizokuwa historia yenyewe. Bila gunia la mahindi au mkungu wa ndizi kushuka kutoka mlimani, mkusanyiko usingemaliza wiki. Na bila wanawake kumkabili ofisa, dola ingeendelea kuamini kwamba inashughulika na walipakodi wakorofi tu.

Pengo la tatu ni la mwisho wa hadithi. Fasihi ya ukinzani huelekea kumaliza kwa kifo, gereza au mapambazuko. Mbiru ilimalizika kwa watu kurudi shambani, kulipa kodi waliyoijua, na kuendelea kuishi chini ya serikali ambayo sasa ilijua kwamba wanaweza kurudi Same. Mwisho wa namna hiyo ni mgumu kuuandika kwa sababu hauna kilele. Hata hivyo, ndio mwisho wa harakati nyingi za wananchi wa kawaida, na msomaji asiyeuona vitabuni anaweza kudhani kwamba kukataa kuna njia mbili tu, kufa au kunyamaza.

Kuna suala la lugha pia. Waliopinga mbiru walizungumza Chasu nyumbani na Kiswahili bomani. Kazi kuu za kitaaluma juu yao zilitolewa kwa Kiingereza. Mwanafunzi wa sekondari mjini Same anaweza kuchambua Kinjeketile kwa ufasaha, akataja dhamira, migogoro na matumizi ya lugha, huku hajui kwamba mji anaoishi uliwahi kujaa watu walioigeuza tabia ya kuketi kuwa hoja. Hilo ni pungufu la wasomi wa Kiswahili, na kulijaza ni kazi yao.

6. Hitimisho

Makala hii imeeleza kwamba mgomo wa mbiru na vitabu vya Kiswahili vya ukinzani vinaangazana. Mbiru inatuonyesha kwamba ukatili wa dola unaweza kuanza kimya kimya, katika daftari la mkadiriaji na katika jina la heshima lililoazimwa bila ruhusa ya wenyewe. Vitabu vinatuonyesha daftari hilo linafikia wapi lisipohojiwa: gerezani, katika kijiji kilichohamishwa kwa nguvu, na katika chumba cha mateso. Kati ya daftari na chumba hicho kuna nafasi ambayo raia wanaweza kuitumia kuuliza, na Wapare wa mwaka 1945 waliitumia.

Kwa mtafiti wa fasihi, kazi mbili zinafuata. Ya kwanza ni kukusanya na kuchapisha kwa Kiswahili masimulizi ya mbiru yaliyobaki katika koo za Usangi, Ugweno, Mamba, Chome na kwingineko, kwa maana waliokuwa watoto wakati ule sasa ni wazee sana au wametutoka. Ya pili ni kuvisoma upya vitabu tulivyonavyo kwa kuanzia kwenye swali ambalo raia aliliuliza kabla ya kupigwa. Uchambuzi unaoanzia kwenye pigo humwona raia kama mtu aliyetendewa. Uchambuzi unaoanzia kwenye swali humwona kama mtu aliyekuwa na hoja, na dola kama upande ulioshindwa kuijibu.